Dirisha la Warusi

Mzungu mmoja aliyekuwa akitafuta madini ya bati kwenye vilima vya Murusagamba alinichukua niwe mkalimani wake. Nilikuwa nimefika sekondari, na kwa maoni ya majirani sikuwa na kazi nyingine niliyoiweza. Nilikaa kivulini nikitafsiri maneno mawili, "chimba" na "acha". Ilinifaa sana.

Siku moja wachimbaji walitoa mabamba ya ulanga, jiwe jembamba linalopitisha mwanga, mapana kama sahani. Mzungu hakuwa na haja nayo, ila aliniambia jina la jiwe hilo: muskovaiti. Maana yake, jiwe la Muskovi, na Muskovi ni jina la zamani la nchi ya Warusi. Huko, kioo kilipokuwa adimu, watu walibandua ulanga huu tabaka kwa tabaka wakautia madirishani.

Nikarudi nyumbani na kikapu kizima. Nyumba yetu ya udongo ilikuwa giza totoro, nami napenda kusoma nikiwa nimelala. Nikatoboa ukuta, nikakaza fito, nikapanga mabamba yangu. Ukaingia mwanga wa rangi ya asali.

Mke wangu, akiwa karibu kujifungua, akalitazama dirisha hilo. "Hao Warusi, mama wakwe zao hawapiti nje ya dirisha?"

Kwetu mtu na mama mkwe wake hawatazamani. Yeye akija huku, wewe unapita kule. Na mama wa mke wangu alikuwa njiani, anakuja kumwangalia mzazi. Akiona nimemvunjia heshima angegeuza siku hiyo hiyo, na maji, kuni na jiko vingebaki kwa msomi. Ugali wangu mbwa aliwahi kuunusa akaenda zake.

"Nitaliziba kesho," nikasema, nikajilaza kidogo na kitabu.

Mama mkwe akafika kabla ya hiyo kesho. Nilisikia nyayo zikisimama nje ya ukuta, nikaganda kitandani kama gogo.

"Mwanangu, hiki nini?" akamuuliza mke wangu, aliyekuwa ametoka kumpokea.

"Dirisha, mama. La Warusi."

Nikaanza kuwaza habari za mtungi na kisima.

"Mbona naona kivuli tu? Uso hauonekani."

"Ni mkwe wako, mama."

"Najua. Nani mwingine angelala jua likiwa utosini?" Wakacheka wote wawili, mimi nikiwa ndani nawasikia. "Liacheni. Nitakuwa natazama kwanza kama hayumo, ndipo niingie. Kwa dada yako tunagongana mlangoni na mumewe kila siku, aibu tupu."

Akakaa mpaka mtoto akatambaa. Chakula nilikula, tena kizuri. Lakini kila asubuhi sauti yake ilipenya ukutani, ikimwendea binti yake, maana mimi hanisemeshi:

"Mwanangu, kile kivuli hakijaamka tu? Kiambie kuni zimekwisha."