Dakika ya Kimya Dukani kwa Papa Neema

Jumapili ya Matawi, tarehe 29 Machi 2015, tulirudi kutoka kanisani saa saba mchana. Mume wangu, ambaye watu wote humwita Papa Neema, akaketi kwenye cherehani yake kana kwamba ni siku ya kazi, maana alikuwa na suti ya bwana harusi ya kupunguza. Duka letu lilikuwa ghorofa ya kwanza, katikati ya jiji la Durban. Saa nane akafika Ruth na kamera yake.

Ruth alikuwa Myahudi, mzaliwa wa Durban. Mama yake alikimbia Lithuania akiwa msichana, akafa kabla binti yake hajamuuliza lolote la huko. Tangu hapo Ruth alitengeneza filamu za aina moja: wazee Wayahudi wakieleza walichopoteza na jinsi walivyoanza upya. Nilimfanyia usafi tangu 2008. Nilipopata cheti cha sekondari mwaka 2013, nikiwa na miaka arobaini na mmoja, alinikabidhi kazi ya kupanga rekodi zake kwa tarehe.

Filamu yake ya mwisho ingewaweka wazee wale pamoja nasi tuliotoka Kongo. Mimi nilikwisha kusema yangu. Alibaki mume wangu, aliyevusha watu Ziwa Tanganyika wakati wa vita, na ambaye hakuwahi kunieleza, hata mimi mkewe, kwa nini alifika ng'ambo bila mdogo wake.

Kabla ya kuwasha kamera, Ruth aliuliza kwa Kiingereza, nikatafsiri.

"Umwambie iko suti ya watu hapa," alijibu. "Nitasema nyuma ya Pasaka. Mwalimu, andika tarehe." Ndivyo alivyonitania tangu nipate cheti.

Ruth hakucheka. Alisema wengi waliomwambia "wiki ijayo" aliwafuata makaburini. Basi mume wangu akakubali Jumapili tarehe 19 Aprili, nami nikaandika.

Kabla ya kuondoka, Ruth alirekodi kimya cha duka, dakika moja. Kila chumba kina kimya chake, alisema, na yeye hukitumia kuziba mianya anapokata maneno. Tulitulia wote watatu. Mara mkasi wa mume wangu ukalia.

"Umemuharibia kazi," nikamwambia dakika ilipokwisha na Ruth akazima kinasa sauti.

"Nimemusaidia. Ile ndiyo maneno yangu yote."

Hapo Ruth akacheka, akarekodi upya.

Jumanne tarehe 14 Aprili, watu wenye marungu na mapanga walipita mtaani wakiwatafuta wageni. Vita ya kwanza tuliikimbia kwa miguu. Ya pili ilipanda ngazi zetu.

Tulishuka kwa nyuma.

Mume wangu akasimama. "Nguo za watu."

"Papa Neema, acha."

"Harusi ni Jumamosi. Tangulia, niko nyuma yako."

Nilitangulia.

Mama wa Kizulu aliyeuza matunda chini yetu alinificha nyuma ya meza yake. Nilimwona mume wangu akitoka, suti mkononi. Jiwe lilimpata kichwani.

Alifariki hospitalini Ijumaa tarehe 17, siku mbili kabla ya tarehe niliyoiandika. Hakuzungumza tena.

Mwezi Agosti Ruth alinijia na kinasa sauti. Tangu kifo cha mama yake hakufuta rekodi yoyote, hata zilizoharibika. Aliomba ruhusa ya kuweka ile dakika mahali ambapo mume wangu angezungumza. Nilikubali kwa sharti kwamba pasiwe na muziki.

Picha zake ninazo, lakini sauti yake haikurekodiwa popote. Habari za shemeji yangu alikwenda nazo, na mimi niliyeandika tarehe zote sina tarehe ya kifo cha shemeji huyo. Nina dakika hii. Katika sekunde ya arobaini na moja mkasi unalia. Kisha mume wangu anakohoa kidogo, kama mtu anayejiandaa kusema.