Benchi la Watoaji

Mama Chiriku alikuwa mpiga pasi, na vidole vyake vilikuwa vimekufa ganzi zamani. Mvuke na chuma cha moto vilikuwa vimevichoma mpaka vikazoea, akawa anagusa kitako cha pasi kuona kama imepata moto, kama wewe unavyogusa paji la mtoto mwenye homa. Wenzake pale kwa dobi walimshangaa. Yeye aliona ni faida ya kazi. Kuna siku ilimjia kwamba ganzi ile haikuishia vidoleni, ilikuwa imepanda taratibu mpaka kifuani, lakini fikra za namna hiyo hazinyooshi shuka, akaendelea kupiga pasi.

Bintiye hakuwa na ganzi popote. Alikuwa darasa la tatu, na jina hilo la Chiriku alipewa na majirani, wala hawakumwonea. Mdomo wake ulikuwa hauna breki. Alinawa akiongea, alivaa soksi akiongea, alipiga mswaki akiongea na povu likimrukia aliyekaa karibu. Na jambo alilopenda kuliongea kuliko yote lilikuwa baba yake.

Sasa hapo ndipo penye kisa. Baba yake Chiriku alikuwa fundi vioo kiwandani, na aliondoka mtoto akiwa bado hajaota jino. Hakwenda mbali, alihamia upande wa pili wa mji uleule. Mahakama ilipoamua atoe matunzo, ofisi ya matunzo ikawa inamkata kwenye mshahara wake na kumtumia mama kwenye simu. Hakuulizwa kama anapenda. Mashine ilikata, mashine ikatuma, na watu wawili waliowahi kulala mto mmoja hawakulazimika hata kusalimiana.

Lakini simu ikilia mwisho wa mwezi, mtoto alikuwa anauliza, "Nani katuma?" Siku moja mama, amechoka, miguu inawaka, akajibu, "Baba yako." Alitaka mtoto anyamaze tu. Yuko wapi? Yuko mbali, anaweka vioo kwenye maghorofa marefu. Basi, hapo mama amekwisha. Kuanzia siku hiyo Chiriku alijijengea baba wake mwenyewe, ghorofa juu ya ghorofa, baba anayepanda juu mawinguni mchana na jioni akishuka jambo la kwanza ni kumtumia mwanawe hela. Mama aliona hana nguvu za kumbomolea.

Ikawa mazoea. Simu ikilia, Chiriku ananyoosha mkono, anapewa, anasoma kwa sauti ya mtangazaji wa redio: "Umepokea matunzo ya mtoto!" Halafu anaisogeza mdomoni na kusema, "Ahsante, baba." Jirani mmoja alicheka mpaka akalia, mwingine alilia bila kucheka. Mama Chiriku aliangalia tu huku akikunja nguo.

Halafu simu ikaacha kulia. Mwezi ukapita, na wa pili ukapita.

"Baba hajatuma?"

"Mtandao, mwanangu."

"Mtandao gani huo hauponi?"

"Utapona."

Mama Chiriku alikopa kwa mwenye duka, akapunguza hiki na kile. Hela aliihitaji, tusidanganyane. Lakini kilichomkosesha raha hasa ni lile swali la kila jioni, na jinsi lilivyokuwa linapungua sauti. Kama kulikuwa na kitu kimoja ambacho bado alikijali duniani, ni kwamba mtoto yule asije akajua kwamba baba wa maghorofani hayupo, na kwamba aliyepo hakuwahi kutuma kitu kwa mkono wake.

Ikafika siku ya uhakiki. Mara moja kwa mwaka kila mpokeaji hutakiwa kumpeleka mtoto ofisini aonekane kwa macho, asije mtu akawa anakula matunzo ya mtoto hewa. Karani anamtazama mtoto kupitia kioo, anabonyeza kitufe, na mtoto anakuwa hai kwa mwaka mwingine.

Ofisi ile ina utaratibu wake. Watoaji wana siku yao na wapokeaji wana siku yao, tangu baba mmoja na mama mmoja walipopigana kwa viti mbele ya dirisha. Viti viliondolewa, yakaletwa mabenchi yaliyofungwa sakafuni kwa nati. Na lile dirisha lenyewe sijui lilikatwa na fundi wa wapi, maana tundu la kuongelea liko chini sana. Mtu mzima lazima ainame kama anatafuta sindano, na karani naye, akijua hasikiki, anapayuka. Kila siri ya kila nyumba humwagwa pale ukumbini, na waliokaa hujifanya wanasoma matangazo ukutani.

Siku hiyo Mama Chiriku alipofika alikuta ukumbi umejaa kuliko kawaida. Mashine zilikuwa zimekufa jana yake, siku ya watoaji, wote wakaambiwa warudi leo. Mlinzi, aliyezoeleka kwa jina la Kamanda, alikuwa amesimama katikati na kirungu.

"Watoaji kushoto! Wapokeaji kulia! Na sitaki kusikia mtu anamkumbusha mwenzake mambo ya nyumbani!"

Kulia palikuwa pamebanana, akina mama wanapiga soga, watoto wanapanda na kushuka. Kushoto walikaa wanaume wachache waliotazama viatu vyao, na nafasi tele. Kabla Mama Chiriku hajageuka, Chiriku alikuwa ameshavuka na kuketi kwenye benchi la watoaji, kadi ya faili mkononi, miguu ikining'inia.

"Shikamoo, anko."

"Marahaba," alijibu mwanamume aliyekuwa pembeni yake.

Mama Chiriku aliisikia ile sauti kabla hajauona uso. Ndiye. Amekonda, kipara kimeanza, lakini ndiye, na karatasi ya ofisi imekunjwa mfukoni mwa shati. Kwenye kucha zake kulikuwa na gundi nyeupe ya vioo, mbichi bado. Aliitafuta hasira yake pale ilipokuwaga, kama mtu anavyopapasa swichi gizani, hakuipata. Alihisi baridi tu. Angemwita mtoto, lakini kumwita ni kumfanya yule mtu ainue macho. Akabaki amesimama kwenye msongamano wa akina mama, mkono umekamata mkoba.

"Na wewe umeleta mtoto?" Chiriku aliuliza.

"Hapana. Nina shida kidogo dirishani."

"Sisi baba yetu hana shida. Yuko mbali, anaweka vioo kwenye maghorofa. Anatutumia kila mwezi, hajawahi kukosa hata mara moja! Sasa hivi mtandao ndio mbovu, lakini yeye ametuma. Mimi najua ametuma."

Yule mwanamume alizitazama kucha zake, kisha akaiingiza ile mikono katikati ya magoti akaibana.

"Anko, unaumwa?"

"Siumwi, mama. Endelea."

Chiriku hakuhitaji kuambiwa. Akaendelea na urefu wa maghorofa, na kamba anayofungwa baba kiunoni asianguke, na jinsi siku akirudi atakavyowawekea dirisha la kioo kizima, lile lao sasa hivi limezibwa kwa ubao. Mwanamume alisikiliza ameinamisha kichwa. Halafu alikiinua, akautafuta ukumbi wote kwa macho, akampata Mama Chiriku. Walitazamana. Hakuna aliyetikisa hata kope.

"Mia nne na tisa!" karani alipayuka.

Mama Chiriku akapiga hatua. Na kwenye benchi la watoaji, yule mwanamume akasimama.

Nikueleze, maana mwenye ofisi hakuliwaza hilo. Faili ni la mtoto, si la mzazi. Anayetoa na anayepokea wana namba moja. Katika siku zao mbalimbali namba hiyo haikuwahi kumsumbua mtu, lakini leo iliwainua wawili kwa mpigo, mmoja kulia na mmoja kushoto, na katikati yao mtoto mwenye kadi. Akina mama walikatiza soga. Hata Kamanda alishusha kirungu, maana alishaelewa.

Chiriku alitazama kadi yake, akamtazama yule mwanamume, akamvuta shati.

"Anko, umekosea. Hiyo namba yangu."

Mwanamume alitoa karatasi mfukoni. Aliitazama muda mrefu kuliko inavyohitaji karatasi yenye namba moja tu. Mama Chiriku alijua kabisa kwamba neno moja tu likimtoka yule mtu, basi, maghorofa yote yatashuka chini.

"Ni kweli," alisema. "Nimesoma vibaya. Macho yangu haya." Akakaa.

Mama Chiriku alimshika mtoto mkono wakaenda dirishani. Aliinama. Chiriku hakuhitaji kuinama, lile tundu lilikuwa sawasawa na sikio lake.

"Mtoto ndiye huyu? Sawa, nimemwona." Kitufe. "Sasa mama, usiondoke. Mtoaji wako anasema hana kazi, kiwanda kimefungwa, anaomba asimamishiwe. Leo anatakiwa awepo. Yumo humu ndani?"

Mama Chiriku aliusogeza mkoba begani.

"Mama, nakuuliza! Kama yumo nioneshe, tulimalize hapahapa. Hawa wengi wanasema hawana kazi na huku wanafanya vibarua kila siku. Ukipinga, namkalisha chini anaeleza. Yumo?"

Gundi ilikuwa mbichi. Angeinyoosha mikono ya yule mtu mbele ya kioo na kesi ingekwisha, hela ingerudi, deni la dukani lingelipwa. Kidole chenyewe kilikuwa tayari, kimekaza. Lakini kidole hicho kingepita juu ya kichwa cha mtoto.

"Hayumo," alisema. "Yuko mbali."

"Una uhakika?"

"Yuko mbali sana."

"Basi kama hayumo na wewe hupingi, ombi lake linapita. Utakuwa hupati kitu mpaka atakapopata kazi, na hiyo kazi ataitangaza mwenyewe. Umenielewa?"

"Lipite."

Chiriku aligeuza shingo. Alilitazama benchi la kushoto, akalitazama vizuri, ile mikono iliyobanwa magotini na kichwa kilichoinama. Kisha akageuka akatazama mbele, kwenye kioo.

Wakati wa kutoka walipita karibu naye. "Kwaheri, binti," alisema yule mwanamume kwa sauti ndogo. "Kwaheri," alisema Chiriku. Barabarani alinyamaza mpaka kwenye kona ya soko, jambo ambalo halijawahi kutokea, halafu akaanza kusimulia habari za paka wa shuleni. Mama Chiriku akashusha pumzi. Alidhani amevuka.

Mwisho wa mwezi alimfuata tajiri yake, mwenye udobi, ambaye siku zote huwalipa mkononi.

"Mshahara wangu nitumie kwa simu."

"Kwa simu? Mimi na wewe tumeachana hatua ngapi hapa? Na makato nani alipe?"

"Nikate mimi. Nitumie jioni, nikishafika nyumbani."

Tajiri alicheka. "Eti siku hizi umekuwa mtu wa benki! Haya bibi, nitatuma."

Jioni Chiriku alikuwa mezani na hesabu zake, ulimi umetoka kidogo kwa bidii. Dirisha lilikuwa na ubao wake uleule. Mama alikuwa anakunja nguo karibu na simu, anakunja na kukunjua kitenge kimoja. Alikuwa amejikaza kisabuni. Neno alikuwa nalo tayari, na kama mtoto angetaka kusoma, neno la pili pia alikuwa nalo: ofisi imebadilisha ujumbe, siku hizi wanaandika hivi.

Simu ililia.

"Baba ametuma," alisema Mama Chiriku. Sauti ilitoka vizuri kuliko alivyotegemea. Aliichukua simu, kidole gumba kimelifunika jina la mtumaji, akasubiri ule mkono unyooshwe.

Mkono haukunyooshwa. Chiriku alimtazama mama yake usoni, akaitazama ile mikono yenye makovu ya pasi, akarudisha macho daftarini.

"Ahsante, mama," alisema, akaendelea na hesabu zake.

Mama Chiriku alibaki ameshika simu. Kidole gumba kilikuwa kinamuuma, hakujua alikuwa ameibana kwa nguvu kiasi hicho.