Mpira wa Kipindi Kimoja

Watu wa mtaa wa Baba Dogo, nani amewahi kuona mpira wa kipindi kimoja?

Leo asubuhi natafuta gemu za bure kwa konsoli, nikapata moja ya mpira. Imechukua masaa sita kuingia. Nyumba yote nimewakataza Wi-Fi, hata mamangu, na leo ni Jumapili, yeye hufuata ibada kwa simu.

Nikacheza. Naongoza mbili bila. Kufika half time, gemu ikagoma. Ati kipindi cha pili ni cha kununua.

Nimelalamika mpaka jirani akagonga ukuta.

Mamangu anakata tu sukuma wiki yake.

"Si ulisema wameandika ni ya bure?"

"Ndio, mathe."

"Basi hawakukudanganya. Ni bure kabisa."