Ukuta wa Mbele wa Nyumba ya Mama

Sikuwahi kutilia shaka usanii wangu. Mwenye shaka alikuwa mama, na yake ilitutosha sote wawili. Alikuwa amenitafutia nafasi ya kujifunza taipu mjini Eldoret, nami nikamwomba angoje mpaka sikukuu ya taifa. Nikipata kibali cha kuonyesha sanaa yangu uwanjani, aniache na mambo yangu. Nikikosa, ningekwenda kugonga taipu bila kununa.

"Sawa, nitangoja," alisema. "Lakini hiyo yako si kazi."

Sanaa yenyewe niliitoa kwa wanawake wa kwetu, upande wa ziwa. Huko wanawake ndio husiriba nyumba ya udongo, tena kwa wimbo. Mmoja huimba, wengine huitikia, na vidole huchora mawimbi kwenye udongo mbichi kwa kufuata mapigo. Ukuta hauachwi nusu. Ukingo ukikauka, mshono huonekana, na kila apitaye hujua mwenye nyumba amekosa watu. Mimi niliona muziki, ngoma na uchoraji, vyote katika ukuta mmoja. Nilitaka kuusimamisha uwanjani na kuusiriba mbele ya umati.

Miaka ile watu wakikusanyika bila kibali walikuwa na kesi ya kujibu. Kwa hiyo ofisa wa utamaduni alikuja Langas, mtaa wa Eldoret tulikohamia, kujionea kwanza. Wasichana niliofanya nao mazoezi walipoliona gari la serikali, kila mmoja akakumbuka ana nguo za kuanua.

"Sasa hii ni muziki, ama ni dansi, ama ni kuchora?" ofisa aliuliza, kalamu mkononi. "Lazima niiweke mahali moja."

"Ngoja uone, Mzee," nikasema. Nikachota udongo na kuanza kusiriba ukuta wa mbele wa nyumba ya mama.

Niliimba. Hakuna aliyeitikia. Nikaimba tena kwa sauti kubwa zaidi, maana mimi na aibu hatujawahi kuelewana. Jua lilikuwa kali na ukingo ulianza kukauka. Mama alisimama mlangoni, mikono kifuani, ananitazama tu. Hapo, kusema kweli, niliogopa. Niliiona ile taipu.

Ndipo nikasikia itikio kutoka mlangoni. Mama alipandisha mikono ya sweta, akaja akiimba, akachota udongo.

"Songa huko," akaninong'oneza. "Unataka waseme sina watu?"

Kumbe majirani walikuwa wakiingojea sauti yake. Walitokea na ndoo zao, na nyuma yao wale wasichana wangu, bila haya hata kidogo. Ua ukajaa. Ofisa alitazama barabarani, akatambua kwamba yeye mwenyewe amesimama katikati ya mkutano usio na kibali.

"Mama, hawa watu wamekuwa wengi," akasema.

"Basi shika ndoo tumalize haraka."

Akashika. Tulipomaliza, ukuta mzima ulikuwa mawimbi, na mshono hukuuona popote. Ofisa alijipangusa udongo kwenye suruali, akaichukua karatasi yake.

"Hata sasa sijui niandike ni nini."

Nilikuwa na hotuba nzima tayari. Mama aliniwahi, bado anaosha mikono.

"Andika ni kazi," akasema.