Karani Alibweka Mara Moja Zaidi

Ukitaka hadithi ya kutungwa, tafuta kwingine. Hii ilinipata mimi, hapa Mogogosiek, na mimi si mtu wa kuona vitu. Mimi ni mtu wa kuhesabu vitu, tena mara mbili.

Nina mbwa anaitwa Karani. Kondoo wakiingia zizini, anabweka mara moja kwa kila mmoja. Binti yangu Moraa alikuwa anamrekodi, mimi nikihesabu kwa sauti kando, halafu anatuweka mtandaoni. Wacha! Mpaka watu wa Mombasa wakamjua Karani kuliko sisi tunavyomjua mbunge wetu.

Jirani yetu Kogo, nyanya Mkipsigis, hakucheka. "Baba Moraa, hapa mifugo huitwa majina. Haihesabiwi kwa mdomo. Kuna kitu husikia."

"Basi kijiunge na mashabiki," nikamjibu.

Jioni moja, mvua ya mawe imepita na ukungu umelalia mashamba ya chai, Moraa akaenda laivu. Kondoo wangu ni kumi na mmoja. Nilihesabu wote wakaingia. Nikishika lango, Karani akabweka tena, safari hii akirudi nyuma, mkia katikati ya miguu.

Kondoo mwingine alikuwa ametoka kwenye chai. Wangu wote walichuruzika maji; huyu manyoya yake yalikuwa makavu kabisa. Wewe ungefanyaje? Mimi niliona kondoo wa bure. Nikatangaza: "Kumi na wawili!"

Akasimama. Akanitazama kama mtu aliyeitwa.

"Asante," akasema, kwa sauti yangu mimi, ile ya kwenye video. "Sasa niko kwa hesabu."

Niamini, sijui tulifikaje nyumbani. Nakumbuka tu mkono wa Moraa, baridi, ndani ya wangu.

Asubuhi nikahesabu kimoyomoyo. Kumi na mmoja. Nikarudia. Kumi na mmoja. Nikamkimbilia Kogo: "Ameenda!"

Hata hakuinua macho. "Ameenda, ama ameingia?"

Nyumbani tuko wanne: mimi, mama Moraa, Moraa na mdogo wake. Tangu siku hiyo Karani hakanyagi ndani. Tukikaa kula, anasimama mlangoni, anatutazama mmoja mmoja, anabweka. Mara tano.

Moraa alifuta ile video, lakini watu walikuwa wameshaisambaza. Ukikutana nayo, cheka ukitaka, ila usihesabu pamoja nami. Na watoto wako wakiingia nyumbani leo, waite kwa majina.