Baba Nassor Mbele ya Hakimu

Siku yangu ya kwanza kazini nilikosea mlango. Nilikuwa natafuta ofisi ya tafsiri, nikaingia kwa fundi cherehani wa pembeni, nikamweleza kwa bidii kwamba najua Kiswahili, Kiarabu na Kiingereza, naye ananisikiliza huku akinipima mabega kwa macho. Ilikuwa Deira, mwanzoni mwa miaka ya elfu mbili. Nilikuwa mwanamke wa makamo, mabinti wangu wameshaolewa, na nyumba ilikuwa imeanza kunizidi kwa ukimya.

Ofisi niliyoitafuta ilikuwa chumba kimoja chenye feni na mashine ya fotokopi. Mwenyewe tulimwita Arbab, kama wanavyoitwa wenye mali wengi huku.

"Wewe Mzanzibari?" aliniuliza.

"Ndiyo, wa Mkunazini. Ila nimekulia hapa hapa."

"Khalas. Sikiliza. Hapa hutungi, hapa unahamisha. Ukitaka kutunga, katunge nyumbani kwako."

Kwa Arbab nilijifunza ufasiri, yaani kazi ya maandishi: vyeti vya ndoa, mikataba ya wafanyakazi wa viwandani, talaka. Baadaye nilikula kiapo, nikawa mkalimani, yaani yule anayesimama baina ya watu wawili na kuyabeba maneno yao yakiwa bado ya moto. Kanuni ya ukalimani ni ngumu kuliko inavyosikika. Mtu akisema "nimeumia," husemi "anasema ameumia." Unasema "nimeumia." Kwa muda huo unamwazima mwenzio mdomo wako. Huongezi neno na hupunguzi. Anayenyamaza, nawe unanyamaza naye.

Kutoka Deira nilihamia Bur Dubai, ofisi ya ghorofani, kwa mkubwa wangu wa pili. Huyu ndiye hasa ninayetaka kuwasimulia nyinyi vijana mnaoingia katika kazi hii.

Alikuwa Mkroeshia, mrefu, mashavu mekundu kwa jua. Kwao alianza kama wakili katika mji wa pwani. Akapenda historia, akaacha kesi kwa miaka kadhaa akaandika vitabu juu ya mabaharia wa kisiwa chao na wake zao waliobaki nyumbani. Kisha akaingia bungeni kwa kipindi kimoja, akashindwa uchaguzi, akaja Dubai. Sote tulimwita Daktari, kwa ajili ya shahada yake, na wageni wengine walikuwa wakimwonyesha magoti yao yanayouma.

"Hujutii siasa, Daktari?" nilimuuliza siku moja.

"Bungeni tulikuwa wengi na hakuna aliyemsikiliza mwenzake," alisema. "Hapa niko na wewe peke yako, Bi Zuhura, na wewe unalipwa kunisikiliza. Nimepanda cheo."

Akiwa mgeni, sheria haikumruhusu kusimama mahakamani. Alikuwa mshauri: aliijenga kesi ofisini, kisha wakili wa Kiimarati akaisimamisha mbele ya hakimu. Na namna yake ya kujenga kesi ilikuwa ya mwanahistoria. Wengine walianza kwa kuuliza tarehe. Yeye aliuliza: siku ile mlipika nini? Nani alikaa karibu na mlango? Mtu akianza kukumbuka harufu, alisema, mengine yatamfuata yenyewe. Nami nilitafsiri pilau, udi na manung'uniko ya wifi, nikidhani tunapoteza muda, mpaka nilipoona mashahidi wetu hawayumbi.

Ndipo akaja Bi Mwanaisha.

Alikuwa mjane kutoka Mirdif, na mumewe alikuwa mfanyabiashara wa matairi, Mzanzibari aliyezeeka Dubai. Mke wa kwanza alipofariki na kumwachia mtoto mmoja, Nassor, akiwa bado anasoma shule ya msingi, bwana huyo alikwenda Unguja, akamwoa Bi Mwanaisha nyumbani kwao, akaja naye. Kwa kuwa ndoa haikusajiliwa, na kwa kuwa alitaka mambo yaende haraka, alimkatia viza ya mtumishi wa ndani. Alikusudia kuirekebisha. Miaka ikapita, akafa bila kuirekebisha.

Sasa Nassor, mtu mzima mwenye watoto, alikuwa ameiambia mahakama kwamba yule mwanamke alikuwa mtumishi tu. Akishinda, Bi Mwanaisha angetoka katika nyumba ile na kupandishwa ndege kama khadama aliyemaliza mkataba.

"Aliniambia mlangoni," Bi Mwanaisha alisema, akiushika ukingo wa mtandio wake mweupe wa eda. "Ati, mtumishi anakaa eda ya nini? Nyumba sikuililia, mwanangu. Hilo ndilo nililolilia."

Waliohudhuria ndoa walikuwa wamekufa wote. Lakini sheria yaruhusu ndoa kuthibitika kwa watu kuijua na kuizungumza kama ndoa. Daktari alimhoji siku nyingi, nami nikamwandaa kwa kila swali la mahakama. Kwa kila swali, nilidhani.

Hakimu alianza na lile jepesi kuliko yote.

"Mume wako alikuwa anaitwa nani?"

"Baba Nassor."

Nikatafsiri. Hakimu akatikisa kichwa. "Hiyo ni kunia, jina la kuitwa kwa mwana. Nataka jina lake kamili."

Bi Mwanaisha akainamisha macho. Hakimu akarudia. Yeye kimya, nami kimya naye. Nilijua vizuri kilichomfunga mdomo. Kwetu, wanawake waliolelewa kizamani hawalitaji jina la mume. Ni adabu tuliyoinyonya pamoja na maziwa, na kwa sababu ilikuwa yangu pia, haikunijia hata mara moja kwamba mbele ya hakimu ingekuwa shida. Niliinua mkono.

"Mheshimiwa, naomba kueleza kwa niaba yangu."

"Wewe ni mkalimani," alisema, bila ukali. "Shahidi ni yeye."

Wakili wa Nassor hakuichezea nafasi ile. "Anamwita Baba Nassor kama mtumishi yeyote wa nyumba angemwita. Jina la mtu anayedai alikuwa mumewe halijui." Kesi ikaahirishwa.

Ofisini nilikaa bila kuvua viatu. Nilipomweleza Daktari ile adabu, nilitegemea ashike kichwa. Badala yake aliketi taratibu kitini, macho yakang'aa.

"Bibi yangu, kisiwani," alisema, "alimwita babu 'yeye' maisha yake yote. 'Yeye kala. Yeye kalala.' Siku ya maziko ndipo niliposikia jina lake likitoka kwa kasisi." Kisha akauliza, "Bi Zuhura, mtumishi wa Mirdif akisimamishwa na polisi akaulizwa, kafeel wako, mdhamini wa viza yako, nani?"

"Anataja jina kamili, mpaka la babu. Asipolijua amekwisha."

"Basi nitafutie wake wengine waliolelewa kama yeye. Yalla!"

Niliwapata wanawake watatu, wazee wa Kiunguja waliokuwa wakiingia na kutoka katika nyumba ile tangu Nassor akiwa mdogo. Wakaja na mabuibui yao, wakijaza ukumbi manukato. Wa kwanza, Bi Shemsa, alieleza jinsi walivyomjua Bi Mwanaisha kuwa mke, na jinsi alivyokesha na Nassor alipougua surua. Wakili wetu akamuuliza jina la mume wake yeye.

"Baba Saidi."

"Jina lake mwenyewe?"

Bi Shemsa akageuka akanitazama mimi, kana kwamba ni mimi niliyekosa heshima. "Zuhura, hebu mwambie kijana huyu, mama yake hakumfunza?"

Nikatafsiri, neno kwa neno. Ukumbi ukacheka, na wakili wetu akacheka zaidi ya wote. Wa pili akasema Baba Asma. Wa tatu akasema, "Yule bwana." Ndipo wakili akasema aliyoyapanga na Daktari: mtumishi hulijua jina la kafeel wake kuliko lake mwenyewe, na hulitaja haraka kwa sababu linamlinda. Wanaolinyamazia jina hilo ni wake.

Hakimu akanigeukia mimi. "Mwambie akunong'oneze jina hilo," alisema.

Akanisogelea. Sikio langu likapata pumzi yake, kisha jina, la mtu, la baba yake na la babu yake, akilitamka kama mtu anayeweka yai mezani. Nikasimama wima, nikasema kwa sauti, kwa Kiarabu, jinsi kanuni inavyotaka: "Mume wangu ni Saleh bin Khalfan bin Nassor."

Hakimu akamgeukia Nassor. "Utaapa kwa Mwenyezi Mungu kwamba huyu hakuwa mke wa baba yako?"

Nassor alisimama. Vikao viwili vizima alikuwa akisikia jina lake likitajwa kila mama huyu alipomtaja mumewe. Aliangalia mikono yake.

"Siapi," alisema.

Anayekataa kiapo dai lake huanguka, na ndoa ikathibitishwa.

Daktari alirudi kwao miaka michache baadaye, akagombea tena, safari hii udiwani wa kisiwa chake, akashinda. Alinipigia simu akilalamika kwamba wazee wanamletea kesi za mipaka ya mizeituni kuanzia alfajiri, nami nikasikia jinsi alivyokuwa na furaha. Mimi niliendelea mahakamani, nikafunza wakalimani wengine, wa Kenya, wa Uganda, wa Bara, kila mmoja na Kiswahili chake, mpaka masikio yalipoanza kuchoka. Sasa nimestaafu. Nalala mchana, jambo ambalo kwalo nilikuwa nikiwaonea wivu wengine.

Vijana wananiuliza ni sentensi gani bora katika zote nilizowahi kuzibeba. Wanategemea hukumu fulani nzito. Nawaambia niliisikia nje ya mahakama, siku ndoa ile ilipothibitishwa. Bi Mwanaisha alikuwa amesimama kivulini, hajui arudi nyumbani kwa njia gani, nami pembeni yake. Nassor akaja, funguo mkononi. Nikajiweka sawa baina yao, tayari kwa kazi. Lakini hakunitazama. Alisema mwenyewe, kwa Kiswahili chake cha kuvunjikavunjika:

"Mama, gari iko huku."

Nikarudi nyuma hatua moja, nikawapisha.