Namba Niliyompa Brayo

Iko asubuhi moja ambayo nikiikumbuka hadi leo huwa naweka kalamu mezani kwanza. Mwanangu, wewe unayejifunza kazi hii kwangu, jana uliniuliza kwa nini niliandika "maumivu ya nyonga" kwenye faili ya yule mtoto tuliyempokea na kukomea hapo, ilhali daktari mwenyewe alikuwa ametaja ugonjwa. Uliuliza vizuri. Vuta kiti, jibu lake ni refu kidogo.

Nilianza kazi ya rekodi nikiwa msichana, katika zahanati ndogo ya Gatina, hapo Kawangware. Nilikuwa nimetoka Kitui na cheti kipya, na kichwa kilikuwa kimenivimba kuliko goti lolote nililowahi kuliandika. Siku hizo hatukuwa na kompyuta. Daktari akiandika ugonjwa, sisi tuliutafutia namba yake katika kitabu kinene, ili yeyote atakayefungua faili, hapa au kwingine, aelewe jambo lile lile. Wenzangu walikiona kitabu kile mzigo. Mimi nilikisoma hata saa ya chai. Nilitaka kujua ni nani aliyeketi akaamua kwamba kuumwa na nyuki kuwe na namba yake peke yake. Nilitaka kujua kwa nini magonjwa mawili yanayofanana sana yamewekwa mbali hivyo. Ukweli ni kwamba nilikipenda, na sioni haya kusema hivyo.

Mkubwa wangu alikuwa Mzee Odera, mtu wa kule ziwani, mpole, mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi. Alikuwa na utaratibu mmoja ambao mimi niliuona wa kizamani. Faili ambayo daktari ameweka alama ya kuuliza kando ya ugonjwa haikupewa namba ya ugonjwa huo. Ilipewa namba ya kile kilichoonekana tu, maumivu au kuchechemea, kisha ikaingia kwenye katoni ya maziwa iliyokaa chini ya meza yake. Kila asubuhi aliipekua katoni ile aone ni nani aliyeambiwa arudi na hajarudi.

Basi siku hiyo akaja Mama Brayo, mama aliyekuwa akifulia watu nguo pale Gatina, amembeba mwanawe wa miaka mitano. Mtoto alikuwa ametoka kuugua mafua, na sasa alikuwa akichechemea na kulia akiguswa nyonga. Daktari alimpima, akamwambia mama amrudishe kesho, hata akionekana nafuu. Kwenye faili akaandika, na alama ya kuuliza mbele yake, ule uvimbe wa muda wa kiungo ambao huwapata watoto baada ya mafua, ukakaa wiki moja hivi, kisha ukaondoka.

Mwanangu, nilifurahi kama mtu aliyeokota kitu! Ulikuwa ugonjwa ambao nilikuwa nimeusoma wiki ile ile. Namba yake niliijua kwa kichwa: M sitini na saba, nukta tatu. Mzee Odera alikuwa ametoka kidogo. Nikaiandika kwa wino, na badala ya kuitia faili kwenye katoni, nikaipeleka rafuni pamoja na zile zilizokwisha.

Mama Brayo alikuwa bado amesimama dirishani.

"Daktari, sasa hii ni nini imeshika mtoi?" akaniuliza.

Ilinipendeza kuitwa daktari. Sikumsahihisha.

"Ni kitu ya muda tu, mum. Itaisha yenyewe."

Uso wake ulilegea, akanishukuru mara mbili, akaenda zake.

Kesho yake hakurudi, na hakuna aliyejua, maana faili yake haikuwa kwenye katoni. Siku ya tatu nilikuwa na kitabu changu tena, nikisoma habari za viungo, nikafika kwenye usaha unaoingia ndani ya kiungo. Nikaona dalili zake ni zile zile: nyonga, mtoto, kuchechemea. Udadisi ukanishika. Nikamfuata daktari nikamuuliza, haya mawili mnayatofautishaje?

"Siku ya kwanza inaweza kuwa ngumu," akasema. "Ndiyo maana tunaambia mtoto arudi. Akishikwa na homa kali na akatae kabisa kukanyaga, hiyo si ya kungoja. Usaha inakula mfupa. Kwani yule kijana wa juzi alirudi?"

Nikaenda rafuni, nikaitoa faili, nikamwekea Mzee Odera mbele yake. Aliisoma polepole. Hakupandisha sauti, na ningetamani angepandisha.

"Daktari ameuliza," akasema. "Wewe umejibu. Ulimpima huyu mtoto saa ngapi?"

Akaifunga faili, akainuka.

"Chukua sweta. Twende tumtafute."

Tulipofika kwenye ploti aliyokuwa akiishi, jirani akatuambia Mama Brayo amepata kazi Kibera, ameenda kwa dadake huko huko, mtaa wa Kambi Muru. Tukakata njia kwa miguu, Mzee Odera mbele, mimi nyuma nikiomba kimoyomoyo. Kambi Muru tuliuliza mlango kwa mlango hadi tukaelekezwa. Brayo alikuwa amelala mkeka, mwili moto, mguu ameukunja na hataki mtu ausogelee. Mama yake aliponiona alisimama.

"Daktari, si uliniambia itaisha yenyewe? Nimekuwa nikingoja iishe."

Alisema hivyo bila hasira, mwanangu. Alikuwa ananiuliza kweli, kwa sababu aliniamini. Nikamwambia mimi si daktari, kwamba nilikosea, na kwamba tunaondoka sasa hivi. Mzee Odera alimbeba mtoto mwenyewe.

Katika hospitali kubwa walimpasua siku hiyo hiyo wakasafisha usaha. Alipona, namshukuru Mungu. Lakini mfupa ulikuwa umeshaguswa, na mguu ule ulibaki mfupi kidogo. Leo Brayo ni mwanaume mzima, anatengeneza simu huko Kibera, na hunisalimia vizuri tukikutana. Akiondoka huwa natazama anavyotembea mpaka apotee kwenye watu.

Kwa hiyo nakwambia hivi. Andika kinachojulikana, na kisichojulikana kiache wazi hivyo hivyo, hata kama kompyuta inakusukuma uchague namba ndipo ikuruhusu uendelee. Kitabu kipende, ukisome, uulize kila kitu. Ila uliza ukiwafuata wanaojua, na uulize mapema, maana mimi niliuliza baada ya siku mbili na aliyelipa ni mtoto. Mama akikuita daktari, mwambie wewe si daktari, kisha umpeleke kwa daktari. Na kila asubuhi, kabla hujanywa chai, angalia ni nani aliyeambiwa arudi na hajarudi, na umpigie simu.

Mungu akupe macho ya kuona na moyo usioona haya kusema sijui. Na kila mtoto atakayepita dirishani kwako akichechemea, amjalie kurudi siku moja akikimbia.